Midomo na Sauti

Mwaka 2022, Ubalozi wa India nchini ulimpongeza Kili Paul, kijana wa Kimaasai wa mkoani Pwani, kwa video alizoigiza nyimbo za Kihindi kwa midomo tu. Mjukuu wangu hapa Kilosa alianza vivyo hivyo.

Juzi alikuja na gitaa na wimbo aliotunga mwenyewe, juu ya mafuriko ya Mto Mkondoa.

“Babu, nisahihishie vina.”

Nilishika kalamu nyekundu, nikasita. Miaka yote darasani niliwakaririsha wanafunzi mashairi ya wengine. Sikumwomba hata mmoja atunge lake. Nami nikijiita mwalimu wa lugha!

“Imba tena,” nikamwambia.

Katika ubeti wa tatu kina kilivunjika. Ndugu washairi, nisameheni: nilikiacha.