Kisa cha Kima na swali alilouliza mtoto

WATOTO waliozaliwa baada ya 2017 wanaijua SGR tu. Hupanda Syokimau wakateremka Miritini, na safari nzima macho yako kwenye simu. Stesheni ndogo za reli ya zamani, ile ya upana wa mita moja, hawazijui, na wazazi wengi hawazitaji. Ni hasara, kwa sababu baadhi ya stesheni hizo zina visa ambavyo mtoto akivisikia mara moja hasahau.

Kima ni mojawapo. Iko Ukambani, kaunti ya Makueni, mbele kidogo ya Sultan Hamud ukielekea Nairobi. Reli ilianza kujengwa Mombasa mwaka wa 1896, ikafika Nairobi mwezi Mei 1899. Kwa hivyo kufikia Juni 1900 Kima ilikuwa stesheni changa iliyo peke yake porini, na simba mla watu alikuwa ameizoea.

Msimamizi wa polisi wa reli, Charles Ryall, alikuwa safarini kwenda Nairobi na wenzake wawili, Huebner na Parenti. Waliposikia simba yupo karibu, waliamua kulala hapo wamvizie. Behewa lao likaachwa kwenye reli ya pembeni. Huebner alilala kitanda cha juu, Parenti akalala sakafuni, naye Ryall akashika zamu ya kwanza. Usingizi ukamchukua.

Behewa lilikuwa limeinama upande mmoja kwa kuwa reli ile haikusawazishwa vizuri. Mlango wake ulikuwa wa kusukuma kando. Simba alipoingia, uzito wake ulilizidishia behewa mwinamo na mlango ukateleza ukajifunga. Watu watatu na simba, chumba kimoja. Alimshika Ryall huku miguu yake ya nyuma ikiwa juu ya Parenti. Huebner alikuwa na njia moja tu ya kutokea, mlango wa kwenda chumba cha watumishi, na ili aufikie ilimbidi aruke na kukanyaga mgongo wa simba. Akaruka.

Mlango ule ulikuwa umeshikiliwa kwa ndani. Watumishi, wakitetemeka, walikuwa wameukaza kwa nguvu zao zote. Huebner aliusukuma hadi akapenya, nao wakaufunga tena papo hapo kwa vilemba vyao. Simba alitokea dirishani akiwa na Ryall. Parenti akatorokea dirisha la upande wa pili. Asubuhi mwili wa Ryall ulipatikana umbali wa karibu robo maili, ukapelekwa Nairobi kuzikwa. Simba huyo baadaye alinaswa mtegoni, akawekwa siku kadhaa watu wamtazame, kisha akapigwa risasi.

Wapo wanaosema jina la stesheni lilitokana na kisa hicho, kwa kuwa kima ni nyama ya kusaga. Ni utani wa watu wazima, tena mbaya kidogo. Kima ni tumbili pia, na ni kipimo cha urefu.

Mama mmoja aliyekulia karibu na stesheni hiyo, ambaye sasa analea watoto watatu Nairobi, alikisikia kisa hiki kwa babu yake. Kwa mzee huyo kisa kilikuwa na kazi moja, kuhakikisha watoto wako nyumbani kabla jua halijazama. Mama alipowasimulia wanawe usiku mmoja stima ilipopotea, alitarajia waulize kuhusu simba. Mtoto wa kati, mwenye miaka tisa, aliuliza jingine.

"Mama, wale waliofunga mlango walikuwa watu wabaya?"

"La, mwanangu. Waliogopa. Hata wewe ungefunga."

"Waliitwa nani?"

Hapo mama alikwama. Majina ya wageni watatu yako vitabuni hadi leo. Ya wale wa chumba cha pili hayakuandikwa. Ndivyo ilivyo kwa sehemu kubwa ya reli hiyo. Wafanyakazi zaidi ya 31,000 waliletwa kutoka India kuijenga, na karibu 2,500 kati yao walikufa, wengi kwa maradhi na ajali kuliko kwa simba. Mtoto anayefundishwa historia ya reli kwa kuhesabu simba peke yao anafundishwa nusu.

Mama alimwambia mwanawe ukweli, kwamba hajui na huenda hakuna ajuaye. Mtoto hakuridhika. Mzazi mwingine angebuni jina ili usiku uishe.

Likizo ilipofika aliwapeleka Makumbusho ya Reli, karibu na stesheni kuu ya Nairobi, ambako behewa lenyewe limehifadhiwa. Kifungua mimba alitaka kupiga picha. Kitinda mimba aliogopa kusogea. Yule wa kati alilizunguka polepole, kisha akauliza chumba cha watumishi kilikuwa upande gani.