Mbuzi ya Nazi na Faili za DLL

Niko huku Uingereza kwenye baridi. Najua nimepotea, shifti za usiku zimenibana. Mama, meseji yako nimeipata, nitapiga Jumapili.

Leo naandika kwa sababu ya mdogo wangu aliyeko chuo Morogoro. Juzi kanitumia picha ya kompyuta yake: programu ya takwimu anayofanyia tasnifu imegoma kufunguka, inasema vcruntime140.dll haionekani. Chini akaandika, "Dada usijali, nimeiona kwenye tovuti fulani, naishusha sasa hivi." Nilikuwa kwenye basi natoka kazini. Nikampigia palepale, nikamwambia asiguse kitu.

Maana mwenzenu yalishanikuta. Mwaka 2023 nilikuwa na kazi ya kozi kuhusu wagonjwa wanaoanguka wodini. Kompyuta ikajaa. Nikaingia kwenye orodha ya programu, nikakuta Microsoft Visual C++ zimejipanga foleni: 2010, 2013, 2015-2022, tena nyingine mara mbili mbili. Nikajiuliza, huu uchafu kaweka nani? Nikafuta zote. Usiku wa kuamkia siku ya kuwasilisha, programu ikagoma kama hii ya mdogo wangu.

Sasa DLL ni nini? Mnakumbuka mbuzi ya bibi ya kukunia nazi? Nyumba nne zilikuwa zinaiazima. Hakuna aliyeona haja ya kununua yake, na siku bibi alipoifungia ndani akasafiri, mtaa mzima ulikula mboga bila nazi. DLL ndiyo hiyo mbuzi. Ni faili yenye kazi ambazo programu nyingi zinazihitaji, basi inawekwa moja kwenye Windows, zote zinaazima. Programu ikifunguka huangalia kwanza kwenye folda yake yenyewe, kisha kwenye folda za Windows. Nyingine zina mbuzi zao za ndani. R, kwa mfano, inakuja na Rblas.dll, ambayo ndiyo inayobeba hesabu nzito za matriki. Lakini nyingi bado zinategemea ile ya mtaa, na mimi ndiye niliyeitupa.

Kosa la pili lilikuwa baya zaidi. Saa sita usiku, macho mekundu, nikashusha hiyo DLL bure kwenye tovuti nisiyoijua, nikaitupia System32. Programu ikatoa kosa jipya, 0xc000007b. Kumbe faili ilikuwa ya biti 32 na programu yangu ya biti 64, haziivi chungu kimoja. (Na msicheke: kwenye Windows ya biti 64, folda ya System32 ndiyo yenye faili za biti 64, za biti 32 ziko SysWOW64. Aliyetoa majina haya sijui alikuwa amelala?)

Ndipo nikashtuka. DLL siyo picha wala karatasi ya kusoma. Ni maagizo yanayotekelezwa, na ikishaingia ndani ya programu ina ruhusa zote za programu hiyo, hata kusoma mafaili yako. Mimi nesi, ambaye siwezi kumchoma mgonjwa dawa ya chupa isiyo na lebo, nimeokota chupa barabarani nikaichoma kwenye kompyuta yenye takwimu za wagonjwa! Majina hayakuwemo, namshukuru Mungu, ila umri na tarehe zilikuwemo. Nilimweleza mwalimu wangu ukweli, nikasafisha kompyuta na kuweka Windows upya. Kesho yake niliwasilisha grafu za Excel za haraka haraka, alama zikashuka.

Kwa hiyo mdogo wangu nilimwelekeza kwenye tovuti ya Microsoft yenyewe, akashusha furushi zima la Visual C++, la x64 na la x86, siyo faili moja moja. Ni bure. Akasakinisha, akazima kompyuta na kuiwasha. Tulikuwa wote kwenye simu, kimya, mpaka akapiga kelele: imefunguka!

Ingegoma bado, ningemwambia aiondoe programu na kuisakinisha upya, maana mara nyingi huja na DLL zake.

Sura ya nne inaendelea, anasema. Halafu kaniomba na hela ya bando, eti lote limeishia kwenye kushusha. Haya, nalala, usiku naingia tena.