Pesa Ngapi Mpaka Mwisho?

Nilipoanza ukarani katika afisi ya wakili mjini Mombasa, mwanzoni mwa miaka ya tisini, watu waliokuja kutia sahihi hati za mkopo wa nyumba walikuwa na swali moja: kila mwezi ni pesa ngapi? Wakishajibiwa, hesabu iliyobaki waliipiga kwa mshahara. Ikiwa malipo yanaingia, karo ya watoto ikabaki na cha jikoni kikabaki, kalamu ilishikwa. Nimekaa kwenye meza ile hadi nikaliona swali hilo likibadilika. Watu hawakuwa werevu kuliko wazazi wao. Yaliyowapata ndiyo yaliyowafunza kuuliza vingine.

Na wazazi wao walikuwa na sababu ya kuuliza vile. Kwetu Mombasa mkopo wa nyumba ulikuwa mgeni. Majengo, Kisauni na Likoni zimejaa nyumba ambazo mwenyewe anamiliki kuta na paa, lakini ardhi ni ya mtu mwingine, ambaye mwenye nyumba humlipa kodi ya kiwanja. Nyumba ya namna hiyo haina hati miliki ya kuweka rehani, kwa hivyo benki haitii mguu. Mama yangu alijenga hivyo, chumba kimoja sasa, kingine Mungu akijalia. Gharama ya nyumba yake aliijua yote, maana kila mfuko wa saruji aliulipia siku alipouchukua.

Waliokopa walikuwa watu wa ajira: wa bandari, wa reli, walimu, makarani wa serikali. Mjomba wangu wa reli alikuwa mmoja wao. Riba wakati huo ilipangwa na serikali, haikurukaruka. Mshahara wake ulipanda kidogo kidogo na bei za vitu zikapanda pamoja nao, lakini malipo ya nyumba yalibaki palepale. Yale yaliyomkaba koo mwanzoni, alipokaribia kumaliza yalikuwa madogo kuliko karo ya muhula mmoja. Mtu kama huyo angejisumbua na jumla ya malipo yote kwa nini? Miaka yenyewe ilimsaidia kulipa.

Kisha miaka ikageuka. Mnamo 1991 serikali iliacha kupanga riba za mabenki. Mwaka uliofuata ulikuwa wa uchaguzi, pesa zikamwagwa mitaani, na kashfa ya Goldenberg nayo ikawa inaikamua hazina ya taifa. Kufikia 1993 shilingi ilikuwa imeporomoka, na serikali, ili kuzivuta zile pesa zirudi, ilikopa kwa hati za hazina za siku 91 kwa riba iliyopita asilimia 70 kwa mwaka. Benki inayoweza kuikopesha serikali kwa bei hiyo itamhurumia vipi mwalimu wa mtaa wa Tudor? Mwaka 1994 wastani wa riba za mikopo nchini ulikuwa umepita asilimia 30.

Hati tulizokuwa tukizipiga chapa zilikuwa na kifungu kimoja kirefu kilichoiruhusu benki kubadilisha riba kila ilipoona vyema. Hakuna aliyekuwa akikiulizia. Mwaka ule mfanyakazi mmoja wa bandari alikuja na bahasha ya pesilipu zake, zimepangwa mwezi kwa mwezi, na barua ya benki yake. Alikuwa amelipa miaka minne bila kukosa, na barua ilisema anadaiwa zaidi ya alizokopa. Alizitandaza zile karatasi mezani kwangu akauliza, "Pesa zangu zimekwenda wapi?" Wakili alimfungulia hati ukurasa wa tano, akamwekea kidole kwenye kifungu. Siku hizo kurasa za matangazo ya mnada katika magazeti zilikuwa zikiongezeka, na watu walizisoma kwa hofu, wasije wakaona nambari ya kiwanja wanachokifahamu.

Madeni yaliyofura mara tatu na mara nne na kufika mahakamani ndiyo yaliyozaa marekebisho ya Sheria ya Benki yaliyoanza kufanya kazi Mei 2007. Tangu hapo, mkopo ukishashindikana kulipwa, benki hairuhusiwi kudai riba inayozidi deni lenyewe lililokuwapo siku uliposhindikana. Watu walishangilia, na walikuwa na haki. Lakini ile ni kinga ya aliyeshindwa. Anayelipa vizuri, mwezi kwa mwezi, kwa miaka yote, hakuna sheria inayomzuia kulipa karibu mara tatu ya alichokopa. Nitaieleza hesabu hiyo, maana ndiyo iliyobadilisha swali.

Chukua mkopo wa shilingi milioni 5, riba asilimia 14, miaka 20. Malipo ya mwezi ni 62,176. Mwezi wa kwanza, riba peke yake ni 58,333. Kinachopunguza deni ni 3,843, basi. Riba hukatwa kwanza, na riba hupigwa kwa deni lililobaki. Deni likiwa bado kubwa, linakula karibu kila unachotoa. Baada ya miaka mitano umekwisha kutoa 3,730,560, lakini deni limepungua kwa takriban 331,000 tu. Unadaiwa bado milioni 4.67. Deni halifiki nusu mpaka mwaka wa 16. Ukimaliza, umelipa 14,922,240.

Na hapo riba haijaguswa. Mwaka 2011 iliguswa. Mfumuko wa bei ulikuwa unakaribia asilimia 20, dola ikapita shilingi 100, na Benki Kuu ikaamka kwa kishindo. Riba yake, iliyokuwa asilimia 5.75 mapema mwaka ule, ilifika 7 mwezi Septemba, 11 Oktoba, 16.5 Novemba, na 18 Desemba. Mikopo ya nyumba ikapita asilimia 20. Kwa yule wa milioni 5 aliyekopa karibuni, riba ya mwezi peke yake ikawa 83,333. Wapo walioambiwa wasijali, malipo yatabaki yaleyale, ni muda tu utakaorefushwa. Lakini malipo yasiyofikia hata riba hayana muda wa kuyatosha, uwe miaka 30 au 100. Anayetoa 62,176 mahali riba ni 83,333, deni lake linaongezeka kwa zaidi ya 21,000 kila mwezi, na risiti anazo.

Safari hii watu hawakuuliza pesa zimekwenda wapi. Walikuja wakitaka kuonyeshwa hesabu. Simu za mkononi zilikuwa na kikokotoo, vijana wa afisini walikuwa na lahajedwali. Tangu 2014 mabenki yalitakiwa kumpa mkopaji jedwali la malipo pamoja na gharama nzima ya mkopo. Karatasi zile ziliongeza unene wa faili zetu, na wengi waliziweka nyuma bila kuzisoma. Waliozisoma kwanza, nionavyo mimi, walikuwa wake za wakopaji.

Sheria ya Ardhi ya 2012 ilisema nyumba ya ndoa haiwekwi rehani mpaka mwenzi naye akubali kwa sahihi. Kabla ya hapo wanawake wengi tuliwasikia tu kwenye simu, wakiuliza kama baba fulani amekwisha kutoka. Sasa wakaanza kuketi mbele yangu. Mmoja wao alikuwa muuza leso wa Barabara ya Biashara. Mumewe alikuwa amekwisha kushika kalamu. Yeye alivuta jedwali, akalipitisha kidole mstari kwa mstari kama anayehesabu doti.

"Kaka, hapa mwezi wa kwanza tunalipa elfu sitini na mbili, na deni linapungua elfu tatu mia nane?"

"Ndiyo, dadangu."

"Mimi nachukua mzigo kwa mali kauli miaka yote, na sijatia mkono kabla ya kujua jumla. Jumla yake iko wapi?"

Ilikuwa ukurasa wa mwisho. Akaitazama, akamsogezea mumewe, naye akaiweka kalamu chini. Kisha akaniuliza swali ambalo sikuwa nimelisikia katika afisi ile: "Na tukimaliza kwa miaka kumi?" Nikapiga hesabu mbele yao. Malipo ya mwezi yanakuwa 77,633, na jumla 9,315,960. Kwa kuongeza elfu 15 na ushei kwa mwezi, milioni 5.6 zinabaki mfukoni. Hawakutia sahihi siku ile. Waliporudi, mkopo ulikuwa mdogo na muda mfupi; kiwanja walichokuwa nacho Mtwapa walikuwa wamekiuza ili kujazia.

Baada yake swali hilo nililisikia tena na tena, na likaanza kuvuta mengine. Watu walitaka kujua gharama za mlangoni, ambazo tangazo la nyumba halizitaji: ushuru wa stempu wa asilimia 4 ya thamani kwa nyumba za mjini, ada ya wakili, ada ya mthamini, bima ya maisha ya mkopaji na bima ya moto. Nyumba ya milioni 6 inadai 240,000 za stempu peke yake kabla hujapewa ufunguo. Walitaka kujua reti za kaunti na ada ya matunzo ya jengo, ambazo hazimaliziki hata mkopo ukiisha. Waislamu walikuja na mikataba ya mabenki yasiyotoza riba, yaliyoanza kazi nchini mwaka 2008, ambamo benki na mteja humiliki nyumba kwa ubia na mteja akainunua sehemu ya benki kidogo kidogo huku akiilipia kodi. Nao pia, baada ya kuridhika na upande wa dini, waliuliza: mpaka sehemu yote iwe yangu, nitakuwa nimetoa ngapi?

Wanasiasa walilisikia swali kwa namna yao. Mswada wa Jude Njomo, mbunge wa Kiambu wakati huo, ukawa sheria, na kuanzia Septemba 2016 hakuna benki iliyoruhusiwa kutoza zaidi ya asilimia 4 juu ya riba ya Benki Kuu. Riba ikashuka, lakini mabenki yakafunga mkono, na wenye mishahara midogo wakarudishwa mlangoni. Kikomo kikaondolewa Novemba 2019. Kilichodumu zaidi ni kampuni ya KMRC, iliyoundwa 2018 ili kuyakopesha mabenki na vyama vya akiba fedha za muda mrefu kwa bei nafuu, nayo yakopeshe kwa riba isiyofika asilimia 10. Mkopo uleule wa milioni 5 kwa asilimia 9 unalipwa 44,986 kwa mwezi, na jumla yake ni kama milioni 10.8. Milioni 4 nzima zimeondoka kwa tofauti ya asilimia 5. Hata hivyo waliofikiwa ni wachache. Mikopo ya nyumba katika mabenki yote ya Kenya ilikuwa takriban elfu 30 tu mwishoni mwa 2023.

Sitaki kusema kwamba jumla ndiyo ukweli wote. Kisa cha mjomba wangu bado kina hoja. Shilingi utakayoilipa mwaka wa 18 ni nyepesi kuliko ya leo, na anayepanga naye analipa kodi inayopanda, na mwishoni hana ufunguo wa kumrithisha mtu. Ila riba ya mjomba ilitulia, na ya leo husogea. Ndiyo maana kila jumla iliyoandikwa kwenye jedwali ni ya siku ile tu. Anayeisoma hana budi kuipigia hesabu ya pili: riba ikipanda kwa asilimia 6, kama ilivyopanda mbele ya macho yetu, nitasimama?

Mpwa wangu, muuguzi, alikopa miaka ya karibuni kwa masharti yanayofanana na yale ya mfano wangu. Alikuja nyumbani na barua ya benki kabla ya kuipeleka kwa wakili. Nilimshauri achukue miaka 15. Malipo yangekuwa 66,587. Akanikatalia kwa adabu.

"Mjomba, nikisaini kumi na tano, mwezi nitakaokosa zamu za ziada nitaaibika. Nasaini ishirini, lakini nitalipa elfu tano zaidi kila ninapoweza."

Nilikaa nikaipiga hesabu hiyo. Elfu 5 kila mwezi juu ya 62,176, zikienda moja kwa moja kwenye deni lenyewe, zinaumaliza mkopo kwa miezi 175 badala ya 240, na zinaokoa zaidi ya milioni 3. Mwezi ukiwa mbaya, anarudi kwenye 62,176 na hakuna anayemgongea mlango. Kilichobaki ni kifungu cha ada ya kulipa mapema, ambacho kingeweza kuila faida yote. Alikipigia mstari kwa kalamu nyekundu, akaandika pembeni kwamba anataka kiondolewe, na kwamba kila shilingi ya ziada ipunguze deni siku ileile inapoingia. Wakati wangu mteja hakuwa akiandika kitu kwenye barua ya benki isipokuwa jina lake. Benki ilichukua wiki mbili kujibu, kisha ikatuma barua mpya. Kifungu cha ada hakikuwamo, na cha malipo ya ziada kilikuwa kimeandikwa kama alivyotaka.