Nywele Zetu za Kipilipili

Watu husema nywele za kipilipili ni ngumu. Hazina ila, dada zangu; ni kavu tu, kwa kuwa mafuta ya kichwani hayateremki kwa wepesi katika misokoto yake. Zataka maji kwanza, kisha mafuta. Kwa hivyo dukani mimi husoma orodha iliyo nyuma ya chupa, ambayo hupangwa kwa wingi: losheni isiyotanguliza maji huiacha rafuni, japo imepambwa kwa picha ya mrembo. Mafuta ya mgando hufunika unywele, hayaunyweshi. Ya nazi hupenya ndani, nayo twayakamua wenyewe hapa Pwani.

Binti yangu wa miaka 9 alitaka dawa ili awe na nywele za singa kama wenziwe wa chuoni. Nilimkatalia: baadhi ya dawa hizo zina kostiki soda, ileile ya kupikia sabuni, nayo huunguza ngozi ya kichwa. Alilia. Nikamketisha, nikazilowesha nywele zake, nikazichana kwa kitana cha meno mapana kuanzia nchani, kisha nikamsuka.

Mtandio wa pamba nao hunyonya unyevu, basi nimemshonea kofia ya satini ya kuvaa ndani, avae nywele zikishakauka. Hakubali kumwazimisha hata nduguye.