Makopo ya Oktoba 1999

Mwalimu Nyerere alipofariki London tarehe 14 Oktoba 1999, simu ya ghala letu la filamu Dar es Salaam haikutulia. Kila kituo cha televisheni kilitaka picha zake za zamani, tena kabla ya taarifa ya habari ya jioni. Vituo vyenyewe vilikuwa vichanga. Tanzania Bara ilianza kuwa na televisheni mwaka 1994, na Mwalimu aling'atuka urais 1985. Miaka yake yote ya Ikulu tulikuwa nayo sisi, kwenye mikanda ya sinema ya milimita 16, ndani ya makopo ya bati.

Mengine yalinuka siki hata kabla hatujayafungua. Harufu hiyo ilitutia simanzi, maana tuliijua: joto na unyevu wa pwani huifanya plastiki ya mkanda itoe asidi, na asidi ileile huzidi kuula mkanda. Husinyaa, matundu ya pembeni yakakataa kukaa kwenye meno ya mashine. Ukilazimisha, unakatika.

Akaja kijana mmoja wa televisheni na sauti ya hotuba kutoka redioni. Alitaka picha za Azimio la Arusha. Tukamwekea mkanda: Mwalimu anatembea vumbini, umati nyuma yake.

"Hii hii, mzee!"

Mpiga picha wetu wa siku nyingi akachukua kikaratasi kilichokuwa ndani ya kopo, akamsomea. Ilikuwa Oktoba 1967, Mwalimu akitoka Butiama kwa miguu kwenda Mwanza kuliunga mkono Azimio, lililokwisha kutangazwa Februari.

"Mwanangu, picha hii ni bubu. Ukiitilia sauti hiyo, nchi nzima itaamini alisema maneno hayo hapo barabarani."

Hakuutoa mkanda mpaka kijana alipokubali kuandika mahali na mwezi chini ya picha. Nilimheshimu sana siku ile. Bila kikaratasi kile, mkanda ungesema lolote ambalo mhariri angetaka useme.

Karibu wote waliomba picha moja, Mwalimu akichanganya udongo wa Tanganyika na Zanzibar mwaka 1964. Mkanda wake ulikwisha kujaa michirizi kwa kupitishwa mashineni. Wanawake wa mkanda mwingine, waliopanga foleni kwenye duka la kijiji cha ujamaa, hakuna aliyewaulizia. Hata wao walikuwa wamebaki nusu, kwa sababu mikanda mingi ya aina ile haikuwa na negativu: uliopita kwenye kamera ndio huohuo ulioonyeshwa. Aliyehitaji sekunde kumi kwa filamu mpya alizikata humohumo, na hazikurudi.

Baadaye picha zilihamishiwa kwenye kanda za video, na baadhi ya makopo yakatupwa kwa kuwa "nakala ipo". Nililipinga jambo lile na bado linaniuma. Mashine za kuchezea kanda zile ziliacha kutengenezwa, wakati mkanda wa filamu, ukiwekwa mahali pa baridi na pakavu, bado unasomeka ukiuinua tu kwenye mwanga wa dirisha.