Mkulima Asiyefungamana na Upande

Wengi wetu tuliosoma siasa ya kimataifa tunaijua Yugoslavia kwa jina la Tito na kwa mkutano wa Belgrade wa mwaka 1961, ulioasisi Umoja wa Nchi Zisizofungamana na Upande Wowote. Filamu zake tunazijua kidogo mno. Lakini ni huko kwenye filamu, kuliko katika hotuba za viongozi, ambako liliulizwa swali zito: dola iliyokataa kuchagua upande baina ya wakubwa wa dunia, ilimvumilia raia wake aliyekataa kuchagua?

Aliyeuliza alikuwa Fabijan Šovagović, mwigizaji aliyezaliwa mwaka 1932 katika kijiji cha Ladimirevci, Slavonia, mashariki mwa Kroatia. Mwaka 1969 aliigiza katika Lisice ya mwongozaji Krsto Papić. Jina hilo lina maana ya pingu. Ni kisa cha harusi ya kijijini mwaka 1948, Tito alipofarakana na Stalin. Maofisa wa usalama wanaingia katikati ya sherehe, na uaminifu wa jana unageuka kosa la leo.

Šovagović angeweza kutosheka na kusema maneno ya wengine. Mwaka 1982, akiwa na miaka 50, alitoa tamthiliya yake mwenyewe, Sokol ga nije volio, yaani Sokol Hakumpenda, akaiandika kwa lahaja ya wakulima waliomlea. Mwaka 1988 ikawa filamu iliyoongozwa na Branko Schmidt. Šovagović alishiriki kuandika muswada wake, na kuigiza pia. Mhusika mkuu ni Šima, mkulima ambaye katika Vita vya Pili vya Dunia hana itikadi ya kutetea. Ana shamba, na ana mwana ambaye hataki achukuliwe na jeshi lolote. Kazi hiyo ilithubutu pia kugusa mateso ya walioangukia mikononi mwa washindi vita vilipokwisha, jambo ambalo kwa miaka mingi halikusemwa hadharani.

Wapiganapo tembo, nyasi huumia. Sisi tumezoea kuitumia methali hii kuzitetea nchi ndogo mbele ya mataifa makubwa. Šovagović anatukumbusha kwamba hata ndani ya nchi ndogo wamo tembo, na zimo nyasi.

Mwaka 1991, miaka 3 tu baada ya filamu ile, vita vilirudi Slavonia, na mji wa Vukovar ukabomolewa. Wazazi wa kizazi kingine wakajikuta mahali alipokuwa Šima. Šovagović alifariki mwaka 2001, dola aliyoiuliza swali lake ikiwa imekwisha kusambaratika.

Swali lenyewe limebaki, nasi tunaofundisha siasa na kutumikia umma linatuhusu. Mwananchi anapokataa kusimama nyuma ya bendera ya kundi lolote, tunakuwa wepesi kumwita mwoga au msaliti. Pengine ana mtoto tu, na anataka amwone akikua.