Aliyeigiza Mpishi

Waulize wanafunzi wa hapa Kitale wakutajie waigizaji, watakutajia Mzee Ojwang' na Mama Kayai bila kupumua. Na Sidede Onyulo je? Kimya. Kuna mmoja aliyeniuliza kama huyo ni mchezaji wa Gor Mahia!

Hebu nikujuze, msomaji mpendwa. Marehemu Onyulo alikuwa Mkenya mwenzetu. Ndiye aliyeigiza Owuor, mpishi katika filamu ya Kijerumani iitwayo Nirgendwo in Afrika, iliyoongozwa na Caroline Link na kutolewa mwaka wa 2001. Inasimulia habari za familia ya Kiyahudi iliyomkimbia Hitler mwaka wa 1938 ikaangukia shambani huku Kenya. Mnamo Machi 2003 ilipata tuzo ya Oscar ya filamu bora ya lugha ya kigeni.

Sasa mpishi katika filamu ni nani? Aghalabu ni mtu wa kuleta chai, kusema "ndiyo bwana" na kutoweka. Owuor si hivyo. Baba mwenye nyumba anapolazwa na malaria, Owuor ndiye anayemuuguza. Binti yao Regina anafundishwa Kiswahili na huyo huyo mpishi. Yule baba, aliyekuwa wakili kwao, anampa joho lake la kortini. Mwigizaji mwingine angeligeuza kichekesho, lakini Onyulo analipokea kama mtu aliyepewa haki yake.

Likizo ya Agosti nilimwonyesha babu filamu hiyo kwetu Chwele, Bungoma. Babu, yaani kuka kwa Kibukusu, alikuwa kijana wa jikoni kwa setla mmoja huku Trans Nzoia miaka ya 1950. Nyumbani tuliambiwa tu kwamba "alifanya kazi Kitale", basi. Alitazama kimya mpaka nikadhani amesinzia. Mara akasema, "Huyu anawaangalia usoni. Sisi tulikuwa tunaangalia viatu."

Halafu maneno yakamtoka kama maji ya Nzoia wakati wa masika. Akanisimulia jiko la kuni, memsabu aliyehesabu mayai kila asubuhi, na kile Kisetla chao cha kuamrisha tu, kisichokuwa na "tafadhali". Miaka yote hiyo sikuwahi kuyasikia. Mwishowe akauliza jina la mwigizaji, akaniambia nimwandikie kwenye karatasi. Nikaandika.

Mwaka wa 2005 Onyulo alionekana tena katika The Constant Gardener, sehemu ndogo tu. Ajabu ni kwamba filamu hiyo hiyo ndiyo iliyompatia Rachel Weisz Oscar ya mwigizaji msaidizi bora. Kumbe usaidizi nao una tuzo yake! Wenzangu wanaogombania kuwa mfalme na malkia katika kila mchezo, mmesikia?

Nayasema haya kwa sababu muhula huu chama chetu kimenipa sehemu ya mtumishi. Nina sentensi nne. Mama aliposikia alifoka: "Karo yote hii ndio uende kubeba sinia? Mimi siji kuona hiyo." Babu hakubishana naye. Alinipa sinia la bati lenye vikombe sita vilivyojaa maji, akanizungusha uani hadi jioni, na kila nilipoinamisha kichwa alinigonga kidevu kwa mkongojo.

"Juu," akasema. "Uso juu. Tena."